Mama Nukta na U ya Mwezi

Kabla hajaitwa Mama Nukta aliitwa kwa jina la mwanawe wa kwanza, kama wanawake wengine wote. Jina la Nukta alilipata kiwandani, na alilipata kwa haki. Kiwanda cha chapa kilikuwa kimeletewa kazi ya karatasi za kubandika kwenye chupa za dawa ya kikohozi, na mashine ilikwisha kuanza kuzunguka. Yeye wakati huo alikuwa mkunja karatasi tu, mwanamke mwembamba aliyesimama kutwa nzima pembeni mwa meza ndefu. Akaokota karatasi moja, akaisoma. Ilisema: Mtoto asipewe mtu mzima apewe kijiko kimoja.

“Simamisheni mashine,” akasema. “Hapa mtoto ananyimwa mtu mzima.”

Wanaume wakacheka mpaka wakashika mbavu. Kisha wakasoma wenyewe, wakaacha kucheka. Nukta moja ilikuwa imedondoka kati ya “asipewe” na “mtu”, basi, nukta tu, na dawa ikageuka kichekesho. Wiki iliyofuata alipewa meza yake, kiti, rula na kalamu nyekundu, akaambiwa asome prufu, yaani zile karatasi za majaribio zinazotolewa kabla ya chapa yenyewe, ili makosa yakamatwe yangali machanga. Kiti hicho alikikalia miaka thelathini na minane. Kilibadilishwa miguu mara mbili, mgongo mara moja.

Elimu yake ilikuwa darasa la saba. Hakuwahi kuificha wala kuiombea radhi. Vijana wenye vyeti vya kujaza ukuta walikuja kiwandani wakiandika “hawa mtu” na “vitu hizi”, na yeye aliwapigia mstari mwekundu bila kuinua macho. Namna yake ya kusoma aliibuni mwenyewe. Kwanza alisoma kwa jicho: rula chini ya mstari, neno kwa neno, kimya. Akimaliza kitabu kizima alirudi mwanzo, akakisoma kwa sikio, akinong’ona na midomo ikicheza, kama mtu anayemsimulia mgonjwa. Jicho, alisema, hukamata herufi iliyopotea. Sikio hukamata uongo.

Sasa, habari hii ni ya mwezi, kwa hiyo turudi nyuma kidogo.

Mama Nukta alikuwa darasa la nne habari ilipokuja kwamba mwezi una uhai. Wataalamu walikuwa wametuma chombo kikatua juu yake, na chombo kile kilikaa mwaka mzima kikileta taarifa ile ile: ardhi chini ya miguu yangu inapanda na kushuka. Polepole sana, kimo cha hatua moja, kila baada ya siku nane, kama kifua cha mtu aliyelala fofofo. Shimo kililolichimba kilipotua lilikuwa limejifunga na kuacha kovu. Ndani mlikuwa na joto.

Dunia haikusimama, lakini ilikohoa kidogo. Wazee wakakataza watoto kuunyooshea kidole. Maseremala wakaanza kuchonga vitanda vyenye mwezi wenye kope. Wapenzi waliokuwa na tabia ya kuapa kwa mwezi wakawa waangalifu, maana sasa ulikuwa shahidi. Na redio, ikishamaliza hali ya hewa, ikawa inasoma hali ya mwezi.

Asubuhi ya habari hiyo mwalimu wa darasa la nne alichora duara ubaoni, akaandika chini yake: Mwezi ni kitu chenye uhai. Msichana mmoja wa dawati la nyuma akanyoosha mkono.

“Mwalimu, sasa tuseme unapumua au anapumua?”

Mwalimu akalitazama duara, akamtazama msichana, akalitazama tena duara. “Sema ‘kupumua kwa mwezi’,” akajibu, “ukae chini.”

Msichana alikaa chini. Lakini swali halikukaa. Aliona kwamba mwalimu hakumjibu, alimkwepa tu, na kadiri alivyokua akagundua kuwa nchi nzima inakwepa vile vile. Watangazaji wa redio walisema “hali ya mwezi ni nzuri”. Magazeti yaliandika “kuhema kwa mwezi kumeongezeka”. Hata mahubiri yalizunguka zunguka. Watu wenye elimu zao, wanauruka mwezi kama dimbwi la maji, wakiogopa kuloana kwa herufi moja.

Kiwandani hawakuwa na nafasi ya kuzunguka. Meneja wa kwanza alibandika kanuni ukutani juu ya meza ya Mama Nukta: MWEZI NI U. WA ANGANI NA WA KALENDA. Na Mama Nukta aliishika kanuni hiyo miaka yote, kalenda kwa kalenda, kitabu kwa kitabu, bila kuteleza.

Mpaka kilipokuja kitabu cha sayansi cha darasa la sita.

Kilikuwa na kurasa themanini, zote juu ya mwezi, na mwandishi wake alikuwa Profesa wa taasisi iliyokuwa ikiuchunguza. Mama Nukta alikisoma kwa jicho siku mbili na kwa sikio siku mbili, akatia sahihi, kazi ikaenda kwenye mashine. Siku ya tatu ya kuchapa, saa ya chai, mpiga chapa akaja kwenye meza yake na karatasi moja yenye wino mbichi. Mzee huyu walimwita Babu Wino kwa sababu ya kucha zake, ambazo hazikuwahi kuwa na rangi nyingine. Walikuwa wametaniana tangu ujana.

“Dada, macho yangu yamezeeka,” akasema, “au mwezi umepata kitambulisho?”

Akaweka kidole kwenye mstari. Mama Nukta akavaa miwani. Ilisema: Mwezi alijikunja tena.

“Nani ameandika hivi?”

“Ndilo ninalokuuliza. Kalamu ni yako.”

“Kosa moja.”

“Nimeshahesabu sitini na mbili. Nimezima mashine.” Kisha, kwa kuwa hakuweza kujizuia, “Na ukishamfanya kiumbe, wingi wake vipi? Mtoto, watoto. Mwezi, wezi. Wakiwa wawili mbinguni tuite polisi?”

Siku nyingine angemjibu papo hapo. Siku hiyo alirudi tu kuusoma mstari ule, na Babu Wino akaona kuwa utani haukufika, akaondoka taratibu.

Meneja wa sasa alikuwa kijana nadhifu, mpole wa sauti na mgumu wa moyo. Alimwita ofisini, akamkalisha.

“Mama, mimi nakuheshimu. Lakini makosa sitini na mbili katika kitabu cha shule? Profesa anakuja Ijumaa saa nne kuona kazi. Nitamwambia nini?”

“Mwambie ukweli. Kwamba sijui.”

“Wengine watasema umefanya makusudi. Wanasema una maoni yako juu ya mwezi.”

“Bwana Meneja, ningekusudia, ningeanza ukurasa wa kwanza. Mimi kazi nusu nusu sifanyi.”

Meneja akapanga kalamu zake sambamba. “Profesa akisema ni kosa, basi, mama. Ghalani kuna nafasi ya kuangalia maboksi, ni kazi nyepesi. Prufu zitasomwa na kompyuta.”

Alisema kazi nyepesi kana kwamba anatoa zawadi. Mama Nukta alitoka akiwa amenyooka, akarudi mezani kwake. Hakuogopa maboksi. Mwili wake ulikuwa umewahi kubeba mazito kuliko hayo. Kilichomkata maini ni kwamba mkono wake ulikuwa umefanya jambo bila kumpa taarifa. Miaka thelathini na minane hakuwahi kupiga mstari asioweza kuueleza. Kama hakuweza kuueleza huu, basi kijana alikuwa na haki, na kiti si chake tena.

Akaomba prufu zake za zamani, zile zenye wino mwekundu. Akaweka rula.

Ukurasa wa kwanza: mwezi unazunguka. U. Wa tano: mwezi ulipochunguzwa. U. Wa kumi na nane, wa ishirini na sita, u, u, safi, hakuna alama. Basi mkono haukuwa umechoka tangu mwanzo, wala hakuwa na usingizi. Akaendelea, rula ikishuka, na sasa hofu ilikuwa imekipisha kitu kingine, kile kile cha dawati la nyuma. Alitaka kujua.

A ya kwanza ilikuwa ukurasa wa thelathini na moja, mstari wa saba. Profesa alikuwa ameeleza habari za sindano, chuma kirefu ambacho chombo kilishusha ili kupima joto. Mama Nukta akanong’ona, kama kawaida yake:

“Sindano ilipougusa mara ya kwanza, mwezi ulitulia. Ilipougusa mara ya pili, mwezi ulijikunja. Mara ya tatu sindano ilikuwa bado juu, haijashuka, na mwezi ulikwisha kujikunja.”

Hapo, kwenye “ulikwisha”, u ilikuwa imekatwa na kuandikwa a. Mstari mwekundu ulikuwa mmoja, umenyooka, bila kutetemeka. Mkono ulioupiga haukuwa na shaka hata kidogo. Na kuanzia hapo mpaka ukurasa wa themanini, a tupu.

Alilitazama neno lile mpaka herufi zikaanza kuogelea. Alijua sasa ni wapi. Hakujua bado ni kwa nini.

Alizibeba prufu nyumbani. Mke wa mwanawe alikuwa barazani na cherehani, akishona sare za shule, tumbo la miezi mitano likimfanya akae mbali na meza kama mtu aliyegombana nayo. Ilikuwa saa kumi na moja, jua bado lipo. Mama Nukta akamwagia maji miguu yake, akaketi kwenye kigoda. Cherehani ikalia, ikakatika. Ikalia, ikakatika.

“Imeharibika?” akauliza.

“Haijaharibika, mama. Ananipiga.”

“Nani?”

“Nani tena? Mjukuu wako. Nikikanyaga pedeli anarusha teke, nikiacha anatulia. Sasa hivi nimeinua mguu tu, sijakanyaga, ameshajiweka tayari.” Akacheka, mkono kiunoni. “Hapendi kazi huyu. Amefuata upande wa kwenu.”

Mama Nukta hakucheka. “Wiki iliyopita ulisemaje?”

“Nilisema nini?”

“Ulisema imekaa kama gunia. Ulisema inakuchosha. I. Leo unasema ananipiga.”

“Mama jamani, mpaka tumboni mwangu unasahihisha?”

“Nijibu. Kwa nini juzi i, leo a?”

Mkwe akatia uzi kwenye sindano, akaukata kwa meno. Hakufikiri hata kidogo. “Juzi ilikuwa mimba,” akasema.

Mama Nukta alikaa pale akiwa na maji miguuni. Alikumbuka mimba zake mwenyewe, nne, na kila moja jinsi ilivyokuwa “i” mpaka siku fulani, na siku hiyo hakuna aliyemwambia abadilishe. Hakuna mama anayesubiri cheti cha daktari. Mtu wa ndani anakujua kwamba upo, nawe ulimi unageuka wenyewe. Akakumbuka na mayai aliyoatamisha utotoni: yai limetulia, yai limepasuka, halafu huyo, anatoa mdomo. Ulimi haukosei. Unangoja kitu kimoja tu.

“Mama, maji yatakauka miguuni.”

“Yaache,” akasema.

Ijumaa saa nne Profesa alifika. Mama Nukta alimtarajia mwanamume mwenye miwani minene, akaja mwanamke wa makamo mwenye viatu vya kutembelea na mkoba uliopasuka mkanda. Meneja alikwisha kuandaa maneno ya kuomba radhi, akayatoa yote kwa mkupuo: kosa la kibinadamu, umri, hatua zitachukuliwa. Babu Wino alisimama mlangoni akijifanya anafuta mikono kwa kitambaa ambacho ndicho kilichokuwa kikimchafua.

Profesa akasikiliza. Kisha akamgeukia Mama Nukta. “Shikamoo, mama. Ni wewe uliyesoma?”

“Marahaba. Ni mimi. Na kabla hujaniuliza, nitakueleza, maana tangu juzi najua. Fungua ukurasa wa thelathini na moja.”

Profesa akafungua, akasoma.

“Mpaka hapo sijabadilisha kitu,” Mama Nukta akasema. “Kuguswa na kujikunja, hata mpira ukiubonyeza unabonyea. Lakini huyu mara ya tatu hakungoja kuguswa. Aliiona sindano inakuja, akakumbuka. Hapo sikio langu likakataa u. Sikuamua, mwalimu. Nilipogutuka, mkono ulikwisha kuandika.”

“Nikubishie kidogo?” Profesa akauliza, akavuta kiti. “Mti una uhai. Mbona tunasema mti umekua, mti umekauka? Uhai peke yake hauleti a.”

“Hauleti. Mti ukiupiga shoka mara ya kwanza na mara ya mia ni ule ule. Haujui kuwa umerudi.”

“Kuna mimea hujikunja ikiguswa.”

“Ikiguswa. Je, ukiitishia tu?”

Profesa akacheka peke yake, kicheko cha mtu aliyekuta ufunguo mfukoni baada ya kupekua nyumba nzima. “Miaka kumi na mmoja,” akasema, “tunagombana pale taasisi tuandike nini kwenye ripoti zetu. Wanaosema ni kama mmea wanakaa upande mmoja wa chumba cha chai, wanaosema ni kama mnyama upande mwingine. Mwisho tumekubaliana kuandika ‘kitu’, ki, ili tunywe chai kwa amani. Na hatukuwahi kuuliza mtu anayesoma kwa sauti.”

“Mwalimu,” Meneja akaingilia, “lakini kuna suala la usahihi. Hata huko kubadilisha kwake hakukamiliki.” Alikuwa amekesha na kitabu, ilionekana machoni. Akafungua ukurasa wa arobaini na saba kwa ushindi wa kimya. “Hapa. ‘Mwezi wa tatu ulikuwa wa mvua, safari ikaahirishwa.’ Baada ya thelathini na moja, bado u. Umeruka, mama.”

Babu Wino aliacha kufuta mikono. Mama Nukta akavuta kitabu haraka, maana hakuna jambo alilolichukia kama kuruka. Akainama, akasoma. Akanyanyuka taratibu.

“Huo ni mwezi wa kalenda, Bwana Meneja. Huo unaning’inia ukutani. Haupumui.”

Babu Wino akatoa sauti kama pancha.

“Na wewe,” Mama Nukta akamgeukia, kwa kuwa sasa ulimi wake ulikuwa umerudi, “uliniuliza wingi. Mtume ni mmoja, mitume ni wengi, na tunasema mitume walikuja. Hatusemi ilikuja, wala hatusemi watume. Akizaliwa mwezi wa pili tutasema miezi wawili wamechomoza, na polisi utawaita wakufuate wewe.”

Profesa alikuwa bado ameshika ukurasa. Meneja alimuuliza wachape upya vipi, yote iwe u au yote iwe a, maana sahani za chapa zinangoja.

“Yote a,” Mama Nukta akashauri, “kama umekubali.”

“Hapana,” Profesa akasema. “Iache kama mkono wako ulivyoiacha. U mpaka pale, a kuanzia pale.”

“Watoto watachanganyikiwa,” Meneja akasema.

“Watauliza. Mwishoni mwa sura nitaongeza swali moja: Kuna herufi imebadilika katika kitabu hiki. Itafute ilipoanza, useme kwa nini.” Akamtazama Mama Nukta. “Na hilo swali, tafadhali, ulisome wewe. Kwa sikio.”

Meneja akafunga kitabu. Akapanga tena kalamu zake sambamba, na baada ya kuzipanga akasema kwamba maboksi ya ghalani yatapata mtu mwingine. Alilisema kwa adabu. Mama Nukta naye akalipokea kwa adabu, asimuongezee chumvi kwenye kidonda.

Alirudi mezani. Kitu cha kwanza alichokifanya kabla hajakaa ni kuinua kalamu nyekundu hadi kwenye kanuni ya ukutani, ile ya MWEZI NI U. WA ANGANI NA WA KALENDA. Akakata maneno WA ANGANI NA kwa mstari mmoja ulionyooka, akatia alama yake pembeni. Kisha akakaa, kiti kikalia kama kawaida yake.

Saa ya chai Babu Wino akaja na vikombe viwili. Kupitia dirisha la juu mwezi wa mchana alionekana, mweupe, nusu duara, akiwa katikati ya pumzi zake. Babu Wino akamwangalia, akaangalia na jua upande wa pili, akakuna kidevu, kidevu kikapata wino.

“Dada. Na jua je? Tuendelee na li?”

Mama Nukta akakoroga chai yake. Swali lilikuwa zuri, na hakutaka kulikwepa kama mwalimu wa darasa la nne.

“Sijui,” akasema. “Kwanza niletee prufu zake.”